Roketi haina macho

Haya ni maneno niliyozungumza na vijana Jumamosi iliyopita baada ya Asr. Wengi waliokosa kufika wameniomba, kwa hivyo nimeyaandika karibu vile nilivyoyasema. Someni mpaka mwisho, halafu tuambizane.

Ndugu zangu na dada zangu,

Nianze na jambo lililotokea kwetu wenyewe. Wiki mbili zilizopita mmoja wetu alituma klipu kwenye grupu. Ni usiku, lori limesimama uwanjani, na mgongoni mwake roketi zinatoka moja baada ya nyingine kama nyuki waliochokozwa. Sekunde chache tu, kwisha. Nilihesabu waliojibu: watu 34, wengi wao kwa alama ya moto. Hakuna aliyesema ni vita gani, ni nchi gani, wala nani anampiga nani. Dada mmoja tu ndiye aliyeandika, "Zimeangukia wapi?"

Hakujibiwa. Kuna aliyemcheka. Kesho yake akatoka kwenye grupu.

Swali lake ndilo mada yetu leo. Sikuja kumfokea mtu, kwa sababu mimi mwenyewe niliitazama ile klipu mara mbili na sikuuliza kitu. Nimekuja tuisome historia ya hii silaha, tujue tunachokishangilia ni kitu gani.

Hebu tuanze na fataki. Nani hapa hajawahi kuwasha fashifashi usiku wa Idd? Unaichomeka kwenye chupa, unaiwasha, unakimbia. Nyingi zinapanda juu. Lakini kuna ile moja inayolala, inakwenda ubavu ubavu, inaingia dirishani kwa jirani, na wewe unaanza kutafuta pa kujificha. Hukumlenga jirani, hilo ni kweli. Lakini hukuwa na njia ya kuhakikisha kwamba haitamfikia.

Roketi ya vita ni hiyo hiyo, imekua tu. Mzinga husukuma kombora kwa mlipuko uliofungiwa ndani ya mtutu. Ndio maana mtutu lazima uwe wa chuma kizito, na ndio maana mzinga hurudi nyuma ukipigwa. Roketi hubeba moto wake yenyewe: moshi unatoka nyuma kwa kasi, na yenyewe inasukumwa mbele. Kwa hivyo haihitaji mtutu mzito. Reli ya chuma inatosha, bomba jembamba linatosha. Unaweza kupanga mabomba 40 juu ya lori moja na kuyamaliza yote ndani ya sekunde 20.

Huo ndio uzuri wake kwa jeshi. Kasoro yake iko hapo hapo. Mtutu mrefu ndio unaolinyoosha kombora. Roketi ya kawaida ikishatoka, upepo unaisukuma, moto wake hauwaki sawasawa, na hakuna wa kuirudisha njiani. Ikikosea kidogo pale mwanzo, huko mwisho, kilomita 20 mbele, kosa hilo ni mtaa mzima.

Sasa historia. Najua baadhi yenu mtafurahia hii sehemu, na mna haki ya kufurahi.

Baruti ilianza China. Ilipofika nchi za Waislamu, watu hawakuipokea tu, waliisomea. Katika karne ya 13 huko Shamu aliishi mtu akiitwa Hasan al-Rammah, akaandika kitabu cha mambo ya farasi na vita, ndani yake mna zaidi ya michanganyo 100 ya baruti, na mingine ni ya roketi.

Lakini jina ambalo kila kijana anafaa kulijua ni Mysore, ufalme wa kusini mwa India. Katika karne ya 18 ulitawaliwa na Hyder Ali, kisha mwanawe, Tipu Sultan. Kabla yao roketi nyingi zilitengenezwa kwa karatasi au mwanzi. Mysore wakatumia bomba la chuma. Unaweza kuona ni jambo dogo, lakini chuma kinavumilia moto mkali zaidi, kwa hivyo baruti inashindiliwa zaidi na roketi inakwenda mbali zaidi, kilomita moja na kupita. Roketi ikafungwa kwenye mwanzi mrefu ili isiyumbe, nyingine zikafungwa upanga. Tipu aliweka vikosi maalumu vya watu wa roketi ndani ya jeshi lake, wakafunzwa kukadiria pembe ya kufyatulia.

Tarehe 10 Septemba 1780, huko Pollilur, jeshi la Kampuni ya Uingereza ya India Mashariki chini ya Kanali William Baillie lilivunjwa vibaya. Inasimuliwa kwamba roketi ziliyafikia magari yao ya baruti yakalipuka. Tipu aliichoresha vita ile ukutani kwenye kasri lake la bustani huko Srirangapatna, na mchoro uko mpaka leo. Mwaka 1799 Arthur Wellesley, yule ambaye baadaye alimshinda Napoleon na kuitwa Duke wa Wellington, aliingia usiku katika msitu karibu na mji huo, akapokewa kwa risasi na roketi, watu wake wakatawanyika gizani. Mwezi mmoja baadaye, tarehe 4 Mei 1799, mji ukaanguka na Tipu akauawa akipigana.

Mwaka 2018, katika kijiji cha Nagara huko Karnataka, kisima kikavu kilichimbuliwa, ndani yake mkatoka roketi zaidi ya 1,000 za wakati wa Tipu, zimekaa humo kwa zaidi ya miaka 200. Na A. P. J. Abdul Kalam, mwanasayansi Muislamu wa makombora aliyekuja kuwa rais wa India, ameeleza kwamba alipotembelea kituo cha NASA huko Marekani miaka ya 1960 alikuta mchoro ukutani, wa watu weusi wakifyatua roketi dhidi ya Waingereza. Lilikuwa jeshi la Tipu. Kwao alikuwa amesahauliwa, kule akawekwa ukutani.

Sawa. Tumejivuna kidogo, inatosha. Sasa tuifuate ile roketi, tuone ilikwenda wapi.

Ilikwenda London. Waingereza walipoiteka Srirangapatna walibeba roketi kurudi nazo kwao. William Congreve akazichunguza katika ghala la silaha la Woolwich, akatengeneza za kwake. Na mwanzoni mwa Septemba 1807 zikafyatuliwa Copenhagen, mji mkuu wa Denmark.

Sikilizeni vizuri hapa. Denmark haikuwa vitani na Uingereza. Uingereza ilitaka meli zake za kivita zisije zikaangukia mikononi mwa Napoleon. Denmark ikakataa kuzitoa. Badala ya kupigana na jeshi peke yake, wakaupiga mji kwa siku kadhaa, kwa mabomu ya mizinga, ambayo ndiyo yaliyofanya sehemu kubwa ya uharibifu, pamoja na roketi zipatazo 300 za kuwasha moto. Kanisa kuu la mji likateketea. Raia wakafa kwa mamia. Hesabu yao ilikuwa kwamba mji ukiungua, wenyewe watamlazimisha jenerali wao asalimu amri. Na ikawa hivyo.

Mnaona kilichobadilika? Mysore, roketi ilirushwa kwa jeshi lililokuja na silaha. Sisemi vita vya Tipu vilikuwa vya malaika, hakuna vita hivyo. Lakini Copenhagen shabaha ilikuwa mji wenyewe, na hofu ya watu wake ikawa ndiyo silaha. Kwa kazi hiyo, roketi kutokuwa na macho si kasoro tena. Inatosha iangukie popote pale mjini.

Tangu siku ile, hizo njia mbili zimekwenda sambamba.

Hata Afrika zilifika. Mwaka 1868 mabaharia wa Kiingereza walipandisha mitambo ya roketi milimani Ethiopia mpaka karibu na Magdala, wakaifyatulia wapiganaji wa Mfalme Tewodros. Mwaka 1879 huko Isandlwana, Waingereza walikuja na kikosi cha roketi dhidi ya Wazulu. Safari hiyo hazikuwasaidia, Wazulu walikifikia kikosi chenyewe wakakimaliza.

Tuje Vita vya Pili vya Dunia. Tarehe 14 Julai 1941, Wajerumani wakiwa wamejaa kwenye stesheni ya reli ya Orsha, Wasovieti walifyatua kwa mara ya kwanza vitani mtambo wa roketi uliobebwa na lori. Askari wakaupa jina la msichana wa kwenye wimbo, Katyusha. Wajerumani waliuita kinanda cha Stalin, kwa ule mlio wake. Roketi moja haikuwa na shabaha nzuri, kwa hivyo walifyatua kwa mamia: huwezi kumlenga mtu, basi funika uwanja mzima.

Upande wa pili Hitler alikuwa na V-2, roketi kubwa ya urefu wa mita 14. Kuanzia Septemba 1944 ilianza kuangukia London na mji wa Antwerp, Ubelgiji. Ilikwenda kasi kuliko sauti. Maana yake ni kwamba hukuisikia ikija. Hakuna king'ora, hakuna kukimbia. Tarehe 16 Desemba 1944 moja iliangukia jumba la sinema la Rex, Antwerp, ikaua watu 567. Na waliozijenga ni nani? Wafungwa wa kambi ya Mittelbau-Dora, waliotumikishwa kama watumwa ndani ya mashimo ya mlima. Walipita hapo wafungwa kama 60,000, na kama 20,000 kati yao walikufa. Waliokufa kwa kuitengeneza V-2 ni wengi kuliko waliouawa nayo. Na mhandisi wake mkuu, Wernher von Braun, alichukuliwa na Wamarekani baada ya vita na kufanywa shujaa wa safari za mwezini. Tafakarini hilo mkisikia mtu anasema sayansi haina dini wala siasa.

Sasa turudi kwetu Afrika Mashariki, maana hili wengi wenu hamlijui.

Nikisema Saba Saba hapa Kenya, mnakumbuka tarehe 7 Julai 1990, Kamukunji, watu wakidai vyama vingi. Lakini muulize Mganda wa umri wa babu yako. Yeye Saba Saba kwake ni sauti. Mwishoni mwa 1978 Idi Amin alivamia Kagera, na Tanzania ikajibu. Katika silaha zake mlikuwa na mitambo ya roketi ya Kisovieti, mjukuu wa Katyusha aitwaye BM-21, mabomba 40 juu ya lori. Warusi wanaiita Grad, yaani mvua ya mawe. Waganda waliiita Saba Saba, kwa mlio wake, na wanajeshi wa Amin waliiogopa kuliko silaha nyingine yoyote.

Wenzao nao walikuwa nazo. Muammar Gaddafi alimtumia Amin wanajeshi wa Libya, na tarehe 10 Machi 1979 huko Lukaya, kwenye barabara ya kwenda Kampala, roketi zao ziliwapita Watanzania juu ya vichwa zikaenda kuangukia nyuma. Hazikuwapata. Hata hivyo askari wengi wa brigedi ile, waliokuwa wageni wa vita, walikimbia kwa ule mlio na ule moto. Kesho yake Watanzania wakajipanga upya na kushinda. Mwezi wa Aprili Kampala ikaanguka.

Nimewaletea Lukaya kwa sababu moja. Pande zote mbili zilikuwa na roketi za aina moja. Zile zilizopita juu ya vichwa hazikuishia hewani. Kila roketi inayokosa shabaha inapata mahali pengine pa kuangukia.

Msinielewe vibaya, roketi zote si vipofu kwa kiwango kimoja. RPG ya begani, anayeifyatua anamuona anayempiga. Na siku hizi kuna roketi zinazoongozwa kwa setilaiti, zinafika mita chache kutoka pale zilipotumwa. Lakini hapo swali linazidi kuwa zito. Asiyeweza kulenga hana ruhusa ya kufyatulia mji. Na anayeweza kulenga, ikaanguka nyumba yenye watoto, hana tena cha kusingizia.

Na hii si fikra yangu tu, ni sheria. Itifaki ya 1977 iliyoongezwa kwenye Mikataba ya Geneva inakataza shambulio lisilotenganisha mpiganaji na raia, na inataja waziwazi silaha ambayo haiwezi kuelekezwa kwenye shabaha maalumu ya kijeshi.

Kuna mtu alifungwa kwa hili. Milan Martić, kiongozi wa Waserbia huko Croatia, aliamuru roketi za Orkan zifyatuliwe mji wa Zagreb, tarehe 2 na 3 Mei 1995. Kila roketi ilibeba vibomu vidogo vidogo vya kutawanyika. Watu 7 walikufa, zaidi ya 200 wakajeruhiwa. Utetezi wake ulikuwa kwamba mjini mlikuwa na majengo ya kijeshi. Majaji wakasema, silaha ile, kutoka masafa yale, haikuwa na uwezo wa kupiga jengo maalumu, na yeye alilijua hilo. Mwaka 2007 akahukumiwa miaka 35.

Nisiwafiche upande wa pili. Katika vita hivyo hivyo, Agosti 1995, jeshi la Croatia liliupiga mji wa Knin kwa mizinga na roketi. Jenerali Ante Gotovina akahukumiwa miaka 24 mwaka 2011. Mwaka uliofuata, majaji wa rufaa, 3 dhidi ya 2, wakamwachilia. Sheria ipo, lakini wanaoitumia ni binadamu, na hawakubaliani kila mara. Ndio maana kazi ya kuuliza haiwezi kuachiwa mahakama peke yake.

Kusini mwa Lebanon mwaka 2006, Israeli ilitumia pia roketi za aina hiyo, na roketi moja hubeba vibomu 644. Vita vilikwisha Agosti. Vibomu ambavyo havikulipuka vilibaki mashambani na kwenye miti ya mizeituni, Umoja wa Mataifa ulikadiria mpaka milioni moja, na watoto waliviokota wakidhani ni vitu vya kuchezea. Hasira ya hapo ilisaidia kuleta Mkataba wa kupiga marufuku mabomu mtawanyiko, uliotiwa sahihi Oslo Desemba 2008. Kenya ilitia sahihi. Lakini kutia sahihi ni hatua ya kwanza, kuridhia ndiko kunakoifunga serikali. Mkimuona mbunge wenu, muulizeni habari ya mkataba huo. Wallahi atashangaa umeujuaje.

Na sasa neno gumu, nalijua litawaudhi wengine. Baada ya vita vya Gaza vya mwisho wa 2008 na mwanzo wa 2009, tume ya Umoja wa Mataifa iliandika ripoti ndefu. Sisi tunaikumbuka kwa yale iliyoyasema juu ya jeshi la Israeli, na ilisema mengi na mazito. Lakini ripoti hiyo hiyo ilisema pia kwamba roketi zilizofyatuliwa na makundi ya Kipalestina kuelekea miji ya kusini mwa Israeli, zisizoweza kulengwa, ni makosa ya kivita. Nimeona watu wetu wakisambaza nusu ya kwanza na kuficha ya pili. Wapinzani wetu nao wanaficha ya kwanza. Sisemi madhara yalilingana, hata hayakukaribiana. Nasema kanuni ni moja. Ukiikata nusu ile isiyokupendeza, kesho utakapomlilia mtoto wako nani atakusikiliza?

Na kanuni hii hatukuletewa na Geneva peke yake. Kila mmoja hapa amesoma madrasa wasia wa Sayyidna Abubakar alipotuma jeshi kwenda Shamu: wasiuawe wanawake, watoto, wala wazee, wala usikatwe mti wenye matunda. Huwezi kuushika wasia huo na papo hapo kushangilia silaha ambayo hujui imemuangukia nani.

Kwa hivyo nawaomba kitu kimoja. Ikija klipu, kabla hujaisambaza uliza: ni wapi na lini? Nani amefyatua? Zimeangukia wapi? Ukikosa jibu la tatu, iache ikae kwenye simu yako. Na mjue klipu za kale husambazwa kila mara zikaitwa za leo.

Namalizia. Yule dada nilimpigia simu. Nilimuomba radhi kwa kunyamaza kwangu. Akaniambia hakukasirika kwa kuchekwa. Alitoka kwa sababu ule mlio anaujua. Ameuishi utotoni, kabla familia yao haijaja Kenya. Akasema, "Nyinyi mnausikia ukiondoka. Mimi niliusikia ukija."

Sikuwa na la kumjibu.

Jana amerudi kwenye grupu. Bado hajaandika kitu. Tafadhali, akiuliza tena, mtu amjibu.

Wabillahi tawfiq, wassalaam aleikum warahmatullahi wabarakatuh.